Matofali Mia Mbili na Arobaini

Muzee wangu Melkiyori,

Najua utasema nini. Mtu asiyejua kusoma anaandikiwa barua ya nini, tena akiwa kaburini? Lakini wewe mwenyewe ndiye uliyenizoesha. Kila karatasi iliyokufikia pale kambi ya wakimbizi ya Nakivale, iwe ya ofisi ya kambi au ya kanisa, uliniita nishuke jukwaa la ujenzi, ninawe mikono, nikusomee. Wala hukusema kwamba hujui kusoma. Ulisema macho yako yameingia simenti. Miaka saba nilifanya kazi kwako, na miaka saba hiyo simenti haikutoka. Basi na hii nitakusomea mwenyewe, leo Jumapili mchana, nimekaa kwenye baraza ya nyumba yangu hapa Kakiika.

Umesikia hapo mwisho. Nyumba yangu. Nimeandika polepole ili isikupite.

Ni yangu na ya mume wangu Tumwine, na kwa miaka kumi hii ni ya benki pia, nisikudanganye. Ndiyo habari niliyotaka kukupa. Lakini nikianza na hiyo utanikemea kwamba sijasalimia, kwa hiyo ngoja kwanza.

Mama Konsolata, mke wako, yupo na ni mzima isipokuwa magoti. Mgao wa chakula umepungua tena, na watu wengi wanakodi mashamba kwa wenyeji ili wapate kula. Kikosi chako kimegawanyika. Wengine wamerudi kwenu Burundi, wengine wako na mimi hapa Mbarara, na anayeshika kamba ya kona na kuongoza kazi siku hizi ni mimi. Wale mafundi waliokuwa wakiuliza kama mwanamke akipanda jukwaani ukuta utasimama, wawili kati yao nawalipa mimi kila Jumamosi. Mmoja alikuja juzi kuniomba nimwangalizie kona kabla mwenye kazi hajafika. Nilimwangalizia. Nilimpa na maneno mawili matatu pia, maana mimi si malaika.

Tangu tukuzike mvua zimekuja mara mbili. Mara ya kwanza sikuweza kupita njia ya kwenda kaburini kwako. Nilifika Kabingo nikageuza. Naomba unisamehe hilo. Ulikuwa umekaa kwenye kiti cha baba yangu siku Tumwine alipokuja na ndugu zake kunichumbia, kwa sababu baba yangu alibaki Walungu, Kongo, ardhini, na sikuwa na mwingine. Ukawaambia wale wazee wa Kinyankore kwamba huyu binti anajenga ukuta unaosimama wima kuliko maneno yao. Mpaka leo wanalicheka lile neno. Nilikuwa nimezika baba mara mbili, Muzee. Ndiyo maana niligeuza.

Sasa sikiliza ya nyumba.

Tumwine alihamishiwa shule ya sekondari ya huku Kakiika, anafundisha kemia. Tukapanga vyumba viwili. Siku moja akarudi ameng'aa uso, akasema kuna mtu anauza nyumba ya vyumba vitatu karibu na shule, na benki iko tayari kutukopesha. Nilikwenda kuiona. Nikagonga kuta zote kwa kifundo cha kidole kama ulivyonifundisha, nikasikiliza plasta inajibu nini. Nikapanda nikachungulia linta juu ya milango. Nikamwaga maji sakafuni nione yanakwenda wapi. Nyumba ilikuwa imejengwa na mtu anayemwogopa Mungu. Pembe ya jikoni tu ndiyo ilikuwa imeenda upande kidogo, na hiyo ingekuudhi wewe peke yako.

Nikaitaka. Sikufichi. Nilitoka Kongo nina miaka kumi na moja, na tangu siku ile nimejengea watu nyumba ambazo sikuwahi kulala ndani yake. Nilisimama kwenye kile chumba cha mbele nikajiona nimeweka kiti changu dirishani.

Tulikuwa na akiba kidogo. Zilizobaki kutimiza bei zilikuwa milioni sitini, nazo benki ingetoa. Tumwine alikuwa amekwisha kuzungumza nao yote, akaniambia tunakwenda mjini mara moja, kwa ajili ya sahihi yangu. Huku kwao mwenye nyumba hawezi kuiweka rehani nyumba wanayokaa yeye na mkewe mpaka mkewe akubali kwa sahihi. Sheria nzuri hiyo. Nilivaa kitenge kile cha harusi.

Aliyetupokea ni mama mmoja mpole, ofisa wa mikopo, anazungumza Kiswahili kwa sababu baba yake alikuwa askari. Alimweleza Tumwine kwa Kinyankore, kisha akanigeukia mimi akasema, "Mama, ni kidogo kidogo tu kila mwezi, hata hutasikia uzito. Weka sahihi hapa." Kila mwezi laki nane na elfu thelathini na tano, kasoro kidogo. Na Tumwine anaitikia kwa kichwa, anatabasamu, ameshapiga hesabu kwamba mshahara unatosha na chakula kinabaki.

Haba na haba hujaza kibaba, nilikubali. Ila nilitaka kujua kibaba ni cha nani.

Kalamu ilikuwa mkononi mwangu, Muzee. Na hapo ndipo nilipokuona. Sikukuona kama watu wanavyoona mizimu, usicheke. Nilikuona ulivyokuwa mchana ule wa mvua tulipojibanza kwenye kibanda cha tanuru, ukanisimulia jambo ulilosema nisimwambie mtu.

Ulisema ulipoanza kuchoma matofali yako mwenyewe hukuwa na kuni. Mfanyabiashara mmoja kutoka upande wa Endiinzi akakuletea lori moja la mikaratusi, akasema usimpe pesa, kila tanuru utakalochoma umpe matofali mia tano, mpaka mtakapomalizana. Mkashikana mikono mbele ya mafundi wenzako. Na ulitaka kumuuliza kumalizana ni lini, ni matanuru mangapi, ila watu walikuwa wanakutazama na wewe ndiye uliyekuwa mkubwa wao. Ukaona haya. Nakumbuka ulivyoniambia ukitazama mvua: "Nilijua kuhesabu matofali ya kanisa zima, nikashindwa kuuliza swali moja."

Ukachoma matanuru tisa. Matofali elfu nne na mia tano kwa lori moja la kuni ambalo bei yake haikufika hata matofali elfu moja. Na deni halikuisha, yule mtu ndiye aliyehama. Duka alilojenga kwa matofali yako bado liko pale Kabingo, na miaka yote tulipopita pale ulikuwa ukitazama upande wa pili wa barabara. Mimi nilidhani una ugomvi na muuza mafuta wa pale.

Basi nikaweka kalamu mezani. Nikasema kwa Kiswahili chetu cha Kivu, maana nikiogopa hicho ndicho kinachotoka: "Mbele niweke sahihi, muniambie, zote pamoja ni ngapi? Na ni mpaka mwaka gani?"

Yule mama hakukasirika. Aliniangalia kama mtu aliyeulizwa jina la mwanawe ambaye watu hawamuulizii. Akasema ni miaka ishirini. Kwa zote pamoja akabonyeza mashine, akaandika kwenye karatasi akanigeuzia. Milioni mia mbili na kitu kidogo.

Tunakopa sitini. Tunarudisha mia mbili.

Nikamwomba karatasi inayoonyesha mwezi kwa mwezi, pesa yetu inakwenda wapi. Akachapa kurasa kadhaa, akazibana pini. Nikasema nakwenda kuzisoma nyumbani, sahihi itakuja nikielewa. Nikasimama na kitenge changu cha harusi nikatoka.

Tumwine alingoja tufike kwetu. Kisha akasema, "Mama Neema, umenipa aibu. Watasema mwalimu hajui hesabu mpaka mke wake fundi amfundishe." Na akasema mwenye nyumba ana mteja mwingine, na kama tukiipoteza ile nyumba itakuwa juu yangu. Hilo lilinichoma, kwa sababu huenda lilikuwa kweli. Siku tatu tulizungumza mambo ya chumvi na ya mtoto wetu Neema tu.

Nilizisoma zile kurasa. Safu za tarakimu, Muzee, hata mimi ambaye macho yangu hayana simenti, zilinipita kama mchwa. Nilijua zinasema jambo, lakini sikuliona. Siku ya tatu, Jumamosi, nikaacha karatasi nikafanya kazi yetu.

Unakumbuka ulivyokuwa ukikataa kuchimba msingi kabla ya kupanga safu kavu? Matofali chini bila udongo wala simenti, kuzunguka kiwanja chote, na nafasi za milango zimeachwa. Kisha unamwita mwenye kazi, hata kama ni padri, unamwambia, "Ingia kwanza mu nyumba yako, njo tujenge." Anapita mlangoni, anakwenda kusimama chumbani, na nusu yao hapo hapo wanasema chumba kimekuwa kidogo. Mafundi wengine walikuona unapoteza muda. Sijawahi kuona mtu wako amebomoa ukuta kwa kujuta.

Nilikuwa na matofali uani, ya kazi ya jirani. Nikahesabu mia mbili na arobaini, tofali moja kwa kila mwezi. Kumi na mawili kwa safu, safu moja mwaka mmoja, safu ishirini. Yalijaza uwanja kutoka mlangoni mpaka kwenye migomba ya mwenye nyumba tuliyopanga. Kisha nikachanganya chokaa, nikachukua brashi na zile kurasa. Kwenye kila tofali nikapaka chokaa kwa kipimo cha ile sehemu ya malipo inayopunguza deni lenyewe. Sehemu iliyobaki ni riba, nikaiacha nyekundu kama ilivyotoka tanuruni.

Tofali la kwanza lilipata chokaa upana wa kidole changu cha mwisho. Sikuamini, nikasoma tena. Katika laki nane na elfu thelathini na tano, inayopunguza deni ni elfu thelathini na tano. Laki nane zote ni riba. Tofali la pili hivyohivyo, na la tatu. Nilipiga brashi mwaka mzima, safu nzima, na mtu akisimama mlangoni asingeona kama kuna chokaa.

Tumwine alirudi kutoka kusahihisha mitihani akanikuta nimechuchumaa kwenye safu ya tisa. Alisimama kwanza. Nikadhani atanipita aingie ndani. Akavua viatu, sijui kwa nini alivua viatu, akaanza kutembea kati ya safu.

Niliendelea kupaka. Ulinifundisha usimsemeshe mwenye kazi akiwa ndani ya safu kavu.

Alipofika safu ya tano akachukua kurasa mkononi mwangu, akatafuta mstari. Kisha akasoma kwa sauti. Mpaka pale tungekuwa tumelipa milioni hamsini. Deni lingekuwa limepungua milioni tatu na kidogo. Miaka mitano, Muzee, na ukiiuliza benki unadaiwa ngapi, inakujibu karibu hamsini na saba. Mtu akiugua mwaka huo, akipoteza kazi mwaka huo, nyumba inauzwa, na yeye anatoka na mkono mtupu na risiti sitini.

Akauliza ni tofali la ngapi chokaa na wekundu vinalingana. Tukalitafuta kwenye kurasa, nikampeleka. Tukatembea pamoja mpaka karibu na migomba. La mia moja na themanini na tisa. Mwaka wa kumi na sita. Akacheka, kile kicheko cha mtu aliyegonga kidole kwa nyundo. Akasema anajua maji yameundwa na nini, chumvi imeundwa na nini, sabuni imeundwa na nini, na hakuwahi kujiuliza malipo yake yameundwa na nini.

Hapo ndipo nilipomwambia habari yako. Tanuru, kuni, mia tano, na ile haya. Ulinikataza na nilimwambia. Nilitaka ajue kwamba kutouliza si ujinga wake peke yake, kwamba kulimpata mtu ninayemheshimu kuliko wote. Alikaa chini kwenye safu ya kumi na sita akasikiliza mpaka mwisho. Kisha akasema ananiomba msamaha. Na mimi nakuomba wewe.

Ngoja sasa, utamu uko hapa.

Tumwine alichukua kalamu akaanza kucheza na zile hesabu kama wanavyocheza walimu. Akauliza, tukilipa kwa miaka kumi badala ya ishirini, je? Mimi nilidhani malipo yatakuwa mara mbili, na mshahara hautoshi, nikasema tuache. Akapiga hesabu, akarudia, akanigeuzia karatasi. Si mara mbili hata kidogo. Ni milioni moja na elfu tano kila mwezi. Inaongezeka laki moja na elfu sabini. Na jumla yake inashuka kutoka milioni mia mbili mpaka mia moja na ishirini.

Milioni themanini zinabaki kwetu, na miaka kumi.

Nikamuuliza hiyo laki na sabini itatoka wapi, maana mshahara wake ulikuwa umefika mwisho. Akaniangalia. Akasema, "Wewe unalipwa ngapi kwa siku?"

Muzee, ni siku sita. Siku sita za mwiko wangu kwa mwezi. Mimi, Nabintu, niliyeanza kwako kwa kubeba maji, siku sita za kazi uliyonifundisha zinaondoa nusu ya matofali yaliyojaa ule uwanja. Nikaanza kuyaondoa pale pale, safu baada ya safu, kutoka kwenye migomba kurudi. Tumwine akanisaidia. Tulipobakiza safu kumi nikafuta chokaa ya zamani nikapaka mpya, na tofali la kwanza sasa lilikuwa na chokaa sehemu moja ya tano, inaonekana toka mlangoni. Nililia kidogo. Nililia sana, kusema kweli, na chokaa mikononi, mpaka macho yakaniwasha na mtoto akaja kuuliza nimepigwa na nani.

Hatukuishia hapo, kwa sababu ungeniuliza: na nyumba yenyewe inakula nini? Ulisema nyumba ni kama ng'ombe, hata ukimaliza kuinunua lazima uilishe. Nikaleta matofali yaliyovunjika nikayapanga pembeni. Kipande cha mthamini, kipande cha mwanasheria, kipande cha bima, vyote hivyo wanavikata mwanzoni kabla hujaona shilingi. Kipande cha kupaka mabati rangi, cha kunyonya choo kikijaa, cha mchwa, maana Kakiika mchwa wapo. Havikuwa vingi, lakini vilituonyesha kwamba mwaka wa kwanza hatununui kiti hata kimoja. Na ndiyo maana leo nimekaa juu ya tofali nikikuandikia.

Muuzaji wa nyumba alituvumilia wiki mbili. Yule mteja mwingine sijui alikwenda wapi, labda hakuwahi kuwepo.

Tuliporudi benki nilivaa nguo za kazi. Zilikuwa safi, lakini za kazi. Nikamuuliza yule mama, riba ikipanda itakuwaje. Akasema inaweza kupanda, na akanionyesha mahali ilipoandikwa, kwa herufi ndogo kama mayai ya chawa. Nikauliza, tukipata pesa ya ziada tukilipa mapema, mnatutoza? Akasema kidogo, akapiga simu ndani, akarudi akasema watatuondolea. Tumwine hakuona aibu safari hii. Alikuwa amekaa wima kama mzazi kwenye mahafali.

Kisha yule mama akavuta fomu yetu, na nikaona mahali pa kazi ya mke palikuwa pameandikwa kwamba niko nyumbani tu. Nikamwomba abadilishe. Akauliza aandike nini. Nikasema andika fundi wa kujenga. Akauliza nilisomea wapi. Nikamwambia Nakivale, kwa Fundi Melkiyori, miaka saba. Akasema jina hilo hakuna mahali pa kuliweka kwenye fomu, ila akaliandika pembeni kwa kalamu ya risasi. Nililitazama jina lako pale, ndani ya benki, wewe uliyekuwa ukiogopa hata mlango wa ofisi ya kambi. Nikaweka sahihi.

Tumeshalipa miezi minne. Kila mwisho wa mwezi yule mama akiniona ananiuliza matofali yanaendeleaje, maana yale ya safu kumi nimeyapanga tena hapa uani, naye alikuja kuyaona kwa macho yake siku moja baada ya kazi, na viatu vyake virefu, akatembea humo ndani kama Tumwine. Walimu wawili wa shuleni pia walikuja na wake zao. Mmoja tayari alikuwa amesaini ya miaka ishirini na hakujua jumla yake ni ngapi. Ameanza kuongeza kidogo kila mwezi kwa pesa ya shamba lake la ndizi. Mwingine aliona akasema atabaki kupanga, na sikumlaumu. Mimi sisemi mkopo ni mbaya, Muzee. Nasema mtu aingie kwanza.

Na ile siri yako. Nilikwenda Nakivale mwezi uliopita, nikafika kwako kabisa safari hii, nikang'oa majani, nikakaa. Jioni nikamwambia Mama Konsolata kwamba nimevunja neno lako, nimemsimulia Tumwine habari ya kuni, na yeye pia nikamsimulia, nikijua hajawahi kuisikia. Alikuwa anachambua majani ya sombe. Hakuinua hata kichwa. Akasema, "Mimi njo nilikuwa nabeba hizo matofali kupeleka mu lori lake, tanuru zote tisa. Sasa angenificha nini?" Miaka yote hiyo, Muzee, ulikuwa unamficha mtu aliyebeba. Naye alikaa kimya ili usijue kwamba anajua. Nilicheka, kisha nikakaa nikamsaidia kuchambua.

Ndipo akaniambia yake. Wewe ulipaua nyumba za watu nusu ya Nakivale, na yako ukaifunika shitingi ya plastiki kwa sababu kila mwaka ulisema mwaka kesho mnarudi Burundi. Shitingi imechanika. Mvua zilizopita alilala amejikunyata kona moja. Kuna duka Kabingo litampa mabati kwa mkopo, atalipa kwa mahindi kila mavuno. Nikamuuliza magunia mangapi, mavuno mangapi. Akasema hajui. Akasema mwenye duka ni mtu mzuri, na duka huwa limejaa watu, na mama mzima kuulizauliza mbele za watu anaona haya.

Nilimtazama mikono yake iliyobeba matofali elfu nne na mia tano, nikaishika.

Kesho, Jumatatu, sina kazi. Nimeikataa moja ili nisiwe nayo. Nitamchukua Mama Konsolata kwa boda mpaka Kabingo, na tutaingia dukani pamoja hata kama limejaa mpaka mlangoni. Yeye akitaka atazame mabati, atazame nje, atazame popote roho yake inapotulia. Nakuahidi hatatia kidole gumba kwenye karatasi yoyote mpaka tumejua ni magunia mangapi na mavuno ya mwisho ni yapi. Bei ikiwa mbaya, mabati nitayanunua mimi kidogo kidogo, na kuyapigilia nitapanda mwenyewe.

Pumzika sasa, Muzee wangu. Ulibeba ile haya miaka mingi kupita kiasi, na ilikuwa nzito kuliko matofali. Kuuliza niachie mimi.

Binti yako wa jukwaani,
Nabintu